Vidole vya Shangazi

Jumatatu, 4 Machi
Leo nimemrekodi shangazi. Dakika tisa, mkupuo mmoja! Kamera juu, inatazama meza tupu. Vidole kumi tu, uso haumo. Miaka thelathini na mmoja alikuwa mpiga taipu wa mahakama. Mashine haipo tena, lakini vidole havijasahau. Nikamwambia apige chochote. Akaenda mbio, hakusita hata mara moja. Alipomaliza akauliza kama chai ipo.

Jumatano, 6 Machi
Siku nzima nahariri. Msimamizi wa ukumbi nitakaoonyeshea filamu kapiga simu — vidole dakika tisa, bila muziki, nani atakaa? Atakaa anayetaka. Nikakata.

Halafu nikabandika mchoro wa kibodi juu ya skrini ya kompyuta, nikafuata kidole kimoja kimoja. Herufi kwa herufi. Saa saba mchana mstari wa kwanza ukatoka: MHESHIMIWA HAKIMU, KUANZIA LEO NAACHA KAZI.

Nywele zimenisimama! Ni barua. Nzima. Hukumu zako nimezinyoosha mimi, inasema, sifa umekula wewe.

Alhamisi, 7 Machi
Nimemwendea. Kacheka mpaka miwani ikamdondoka. Kumbe aliipiga kila Ijumaa, akaisoma, akaichana. Watoto watatu shuleni — angeipeleka wapi?

Nikauliza: niyaonyeshe maneno kwenye filamu, au yabaki yetu? Akaokota miwani, akaifuta kwa upindo wa kanga. Nikaona haya kwa kuuliza.

"Weka, mwanangu. Tena makubwa. Wenzangu macho yamechoka."

Jumamosi, 16 Machi
Skrini ya ukumbini tayari. Nimeishona mwenyewe kwa karatasi chakavu za taipu, mia nne na kumi. Vidole vyangu vimetobolewa na sindano, lakini iangalie! Mwanga unapita kama kwenye ngozi. Sijawahi kutengeneza kitu kizuri hivi, na hapa naweza kusema bila kuona aibu.

Shangazi kaja kukagua maneno. Kanikuta na kosa. Nukta moja.
"Mimi nukta sikukosea hata siku moja."
Nimerekebisha. Mbio.

Ijumaa, 22 Machi
Saa kumi na robo alasiri. Naandika nimeegemea ukuta wa nyuma, filamu imeisha sasa hivi. Hakuna aliyetoka! Hata mmoja! Wapiga taipu wastaafu wamejaa safu mbili, wanafutana machozi na kucheka. Msimamizi kanibana mkono.

Taa zimewaka. Mzee mmoja mbele anasimama. Ni Hakimu mwenyewe! Nani kamwalika? Anamgeukia shangazi, anataka kujua barua hiyo mbona hakuipata. Nusu anacheka. Nusu hacheki.

 Shangazi kaweka mkoba chini, kasimama, mgongo umenyooka. Sijawahi kumwona mrefu namna hii.

"Nitakujibu, Mheshimiwa. Ila kwanza niite kwa jina langu."

Hakimu anafungua mdomo. Anaufunga. Anamtazama msimamizi, amnong'oneze jina. Shangazi hajaketi —