Samaki wa kwanza ni wa wazee

Mujukuu wangu Chola,

Salamu zikufikie huko Lubumbashi. Huku Nchelenge tuko wazima. Baba yako sasa ni mwalimu mkuu. Nani mwingine hapa amezaa hivyo? Unaniomba nikatae pesa ya wazee inayotoka serikalini Ijumaa hii, watu wasiseme mwanangu hanilishi.

Nilipokuwa binti pale Kashikishi, kila mutumbwi ulipofika, samaki wa kwanza walikuwa wa wazee walioketi mchangani. Siku moja nilimucheka mmoja: “Muzee, unakula bila kutupa wavu!”

Akacheka pia: “Na baba yako, nani alimufundisha kuusuka?”

Baba akanipa samaki mkononi. “Mupelekee. Na upige magoti.”

Na huyo mwalimu mkuu wa serikali, nani alimulea? Ijumaa nitavaa kitenge kipya, niende kuchukua samaki wangu.

Nkambo wako