Punje Tulizozitupa Bure

Alhamisi. Mvua imeishia milimani, hewa imebaki na unyevu. Asubuhi nimeamka vidole vikichambua shuka.

Ndiyo, shuka. Mume wangu akacheka: "Mama Grasi, hata usingizini uko depo?"

Niliota meza yetu ndefu ya depo ya kahawa inaelea ziwani, sisi wanawake tumeketi pande zote mbili, punje mbichi zinapita mbele yetu kama shanga. Nikichambua huwa nasali. Punje nzuri, asante Yesu. Punje mbovu, utuhurumie. Tangu vita vianze sijui kusali namna nyingine.

Majuma haya magunia hayatoki. Tulisikia wanunuzi wa ng'ambo hawataki, tukaelewa wameona uchafu. Yaani juu ya vita vyote hivi, mikono yetu nayo imeitia nchi aibu! Basi tukafunga kula na kusali, tukachambua kwa ukali. Yenye alama kidogo, tupa. Iliyopinda, tupa. Mama Odeta, mjane anayekaa ubavuni mwangu, aliinua kila punje kwenye mwanga kama anayetafuta mwiba kidoleni mwa mtoto.

Jana kapita wetu, msimamizi wa depo, akaliona lundo la punje tulizotupa.

"Wamama, munatupa mali! Nani amewatuma?"

"Si wazungu wamekataa?" Mama Odeta akamjibu. "Tunasafisha."

Kapita akacheka, kisha akaacha. Akaketi juu ya gunia, akatueleza. Huko Asia mabenki yalikopesha watu wajenge magorofa, wapangaji wasipatikane. Siku moja wenye pesa wakashtuka, kila mtu akakimbilia mlango na pesa zake. Hofu ikavuka bahari, na sasa hata wanunuzi wa kahawa wanaogopa kuagiza.

"Kahawa yenu haina kosa, wamama. Apana hata kidogo."

"Magorofa yao na mi wapi na wapi?" Mama Odeta akasema. "Mi hata ngazi naogopa!"

Tulicheka mpaka machozi. Ndipo kapita akasema lililomleta: kuanzia Jumatatu, kwa kila viti viwili kitabaki kimoja.

Natamani lingekuwa kosa letu.

Kosa unalitubu, unarekebisha. Ghorofa tupu la Asia nitalichambuaje?

Mume wangu anashona nguo, tutakula. Mama Odeta ana watoto na mikono yake tu. Lakini pale mezani tuna desturi: mwenzako akiugua unachambua fungu lake, na kiti kinabaki chake. Basi leo nikamwomba kapita atuhesabu sisi wawili kiti kimoja, kana kwamba kila juma mmoja wetu ni mgonjwa. Juma moja atachambua Mama Odeta, juma moja mimi.

"Kitu hicho sijawahi kukiona, Mama Grasi."

"Na magorofa yasiyo na watu ulishayaona?"

Akatikisa kichwa, akakubali.

Jumatatu anaanza Mama Odeta. Mimi nitabaki na ungo wangu wa maharagwe, na yenye alama kidogo sitayatupa tena.

Ee Mungu, huko Asia nako labda yuko mwanamke amefunga, anachambua kitu kwa ukali, akidhani kosa ni lake. Nani atakwenda kumwambia?