Komeo Halishiki

Mwanangu mpenzi, kifungua mimba wangu,

Pokea salamu nyingi kutoka kwangu mimi mama yako. Natumaini hujambo, unakula vizuri, na kile kikohozi kimekuacha. Sisi huku tunamshukuru Mungu. Baba yako hajambo, ila mgongo. Bibi yako hajambo, haoni vizuri lakini kwa kusikia anatushinda sote. Mdogo wako Chiriku hajambo, na mdomo wake ndio ule ule, haupumziki. Jirani yetu mshona nguo anakusalimu, anasema suruali yako iko tayari tangu siku ile, na asilaumiwe ukija umenenepa.

Dereva wa lori la mbao alituambia kwamba miezi mitatu iliyopita alikuona huko, kwenye kiwanda cha samani. Ndiye ninayempa barua hii.

Mwanangu, lile komeo la ndani la mlango wa mbele halishiki. Ilianza mwezi uliopita. Nilitoka jikoni saa nne asubuhi nikalikuta chini, na skrubu zake nne zimesimama sakafuni kwa vichwa, ncha juu, zimepangwa mstari. Nilidhani ni Chiriku, nikamgombeza bure, maskini.

Baba yako alisema ni matundu tu yamepwaya, mlango umezeeka kama yeye. Akachovya njiti za kiberiti kwenye gundi, akazishindilia ndani ya matundu, akakata zilizochomoza, akaacha zikauke siku nzima. Aliporudisha skrubu nililivuta komeo kwa mikono miwili, likakataa kutikisika. Kesho yake saa nne, skrubu zimesimama tena sakafuni.

Akatoboa upya kwa keekee, akapiga vigingi vya mbao ngumu, akaweka skrubu ndefu zaidi. Mshona nguo akamtania kwamba fundi wa mtaa mzima ameshindwa na mlango wake, basi atafute fundi. Baba yako alicheka. Zilipotoka hizo nazo hakucheka. Aliniita nichungulie tundu, akanionyesha jinsi mistari ya skrubu ilivyobaki safi kwenye kigingi. Alisema skrubu ikichomoka kwa nguvu huondoka na nyama ya mbao. Hizi zimefunguliwa taratibu, na mtu anayeijua kazi. Bibi yako akasema kutoka chumbani kwake kwamba kila asubuhi anasikia bisibisi mlangoni, yeye alidhani ni mwanawe anatengeneza.

Jumanne Chiriku alikuja kunivuta nguo bila kusema neno, na hapo tu nikajua kuna jambo. Niliona kwa macho yangu, mwanangu. Skrubu ya juu ilikuwa inazunguka. Inazunguka, inatulia kidogo, inazunguka tena, kama mtu anapobadilisha mshiko. Mkono haupo. Nikaikinga kwa kiganja ilipotoka. Ilikuwa ya moto.

Katika nyumba hii anayesimamisha skrubu kwa vichwa akiwa kazini ni wewe peke yako. Baba yako anajua hivyo, mimi najua, na hakuna aliyethubutu kumwambia mwenzake. Anakaa na sahani mbele yake mpaka chakula kinapoa.

Sasa nisikilize, na ukasirike ukitaka. Siku ile baba yako alipokuita mchinjaji mbele ya mteja, kwa sababu ulilazimisha skrubu nene mpaka matundu ya bawaba za kabati yakapasuka, ulitupa bisibisi ukaondoka. Alasiri ulirudi. Nilikuona dirishani unakuja, mabega juu. Baba yako alikuwa uani ananoa patasi, bado anafoka. Nikaogopa mtaumizana. Nikalisukuma komeo. Ni mimi, siyo yeye. Ulibisha, ukaita Baba, kisha ukaita Mama, nami nilikuwa nimesimama upande wa pili wa ubao, nimejiziba mdomo. Nilijiambia nitakufungulia akishapoa. Nilipofungua, njia ilikuwa tupu.

Yeye hajui kwamba ulirudi. Mpaka leo huuliza ni mtoto gani asiyerudi hata kuchukua nguo zake, nami nanyamaza. Leo akirudi kutoka karakana nitamwambia. Nimemkataza kulitengeneza tena lile komeo. Mlango tumeuegesha tu, mchana kutwa, na ukisogea na upepo sote tunageuka.

Bibi yako anakusalimu. Chiriku anakusalimu, anasema haogopi kama ni wewe. Mimi naogopa. Mwezi uliopita ulipatwa na nini huko?

Jibu haraka, mwanangu. Dereva atangoja siku mbili kabla ya kurudi. Mstari mmoja unatosha, hata ukiwa wa kunitukana. Ila usimwambie mtu akuandikie. Nataka niuone mwandiko wako.

Ni mimi,
Mama yako