Kifuniko cha Sufuria Yangu

Wafula mwanangu,

Nakuandikia nikiwa na hasira, usishangae. Herufi zangu unazijua, ni zile za darasa la kanisani, zinapanda na kushuka.

Kile kikohozi nilikuambia ukitibu. Ukanijibu, "Mama, ngoja Jumamosi ipite." Ukapanda baiskeli kwenye mvua mpaka Ruiru, eti ni zamu yao, watu wa mashamba ya kahawa wanangoja mchezo. Jumamosi ilipita, na Jumatano tukakuzika.

Sasa mchezo wako unaharibika. Ile nyumba yako ya kuigiza ya kila Jumamosi, baba mvivu na mama wa maneno mengi, watu wa hapa Thika waliizoea kama nyumba ya jirani. Lakini wewe hukuandika kitu, Wafula. Yote yalikuwa kichwani mwako. Ulikuwa unakaa nyuma kabisa ya ukumbi na kifuniko cha sufuria yangu. Ukigonga mara moja, wachezaji wananyamaza, watu wacheke mpaka watosheke. Ukigonga mara mbili, wanaendelea. Siku hizi wanaongea watu wakiwa bado wanacheka, hakuna anayesikia neno, watu wanatoka mapema. Karani wa ukumbi amesema viti vikibaki tupu tena, Jumamosi atawapa watu wa dansi.

Barasa, yule uliyekuwa ukimvalisha kitambaa changu aigize mama, alikuja kuomba kifuniko. Nilimwambia nafunikia maharagwe. Ilikuwa kweli, yalikuwa jikoni. Lakini nilikataa kwa uchungu. Mtoto wangu amelala kwenye udongo na wao wanataka kuchekesha.

Jumamosi nikaenda hata hivyo, nikakaa pale pako, kifuniko kikiwa chini ya leso. Hata sijui kwa nini nilikibeba. Barasa akafika kwa yale maneno uliyoniibia: "Kula kwanza, hasira haipoi kama ugali." Watu wakaanza kucheka, na yeye huyo anaendelea tu kuongea.

Wafula, mkono wangu ukagonga.

Wachezaji wakanyamaza. Barasa akabaki ameinua mwiko. Ukumbi ukacheka mpaka mama mmoja akashika nguzo. Mimi nikaanza kulia, nikasahau kugonga ile mara mbili. Barasa akangoja. Akangoja, mwiko uko juu, na watu walipoona vile anangoja wakacheka upya. Ungekuwa hapo ungenigombeza, "Mama, umelala?"

Hakuna aliyetoka mapema. Karani mwenyewe alisimama mlangoni mpaka mwisho, na habari ya dansi hajaitaja tena.

Bado nimekukasirikia, usifikiri imeisha. Ungetibu kikohozi ningekuwa kwangu napika, si kugongagonga vifuniko na uzee huu.

Haya, baba, pumzika. Jumamosi ni zamu ya Ruiru. Nitakaa nyuma kabisa, na ile mara mbili sitaisahau. Maharagwe yatachemka bila kifuniko.

Mama yako