Kwa Ákos Berend, Shemeji Tuliyemwacha Sakafuni

Mwaka umetimia tangu ulipoanguka mbele ya watu sitini, Akosi, na hakuna hata mmoja aliyekunyooshea mkono. Ilikuwa mchana, hapa Naviundu, katika karakana yangu, mlango wa barabarani ukiwa wazi kama ulivyopenda. Aliyewazuia watu ni mimi, Casimir Kunda, shemeji yako. Naandika hili mwanzoni ili mtu asije akalisikia kwa mwingine.

Ulizaliwa Budapest. Serikali ya wakati ule ilikufungia ukumbi wako wa maigizo, ukaanza kucheza chumbani mwako ghorofa ya nne, watazamaji wakipanda ngazi wawili wawili ili majirani wasishtuke. Ulikuja Lubumbashi kwa majuma mawili tu, kuonyesha mchezo mmoja. Ukamwona dada yangu Régine, ukakaa miaka thelathini na moja.

Mimi niliacha shule mwaka wa tano wa primari. Nachomelea vyuma. Uliponiambia kwamba karakana yangu ni teatre, nilifikiri jua limekupiga. Ulipanga viti ndani vikielekea barabarani, ukasema wapita njia ndio wachezaji. Mwuza mkate akipita, watu walimpigia makofi. Siku ya tatu alirudi amevaa koti la arusi.

Hukumpandishia mchezaji sauti. Ulimbebea mama mkwe mihogo yake toka sokoni hadi mlangoni. Jumapili ulikaa nyuma kanisani, wewe usiyebatizwa, ukisema padri anajua kunyamaza kuliko wachezaji wako wote.

Sheria yako ilikuwa moja: "Nikianguka, muntu asiniguse." Tuliizoea. Mwaka ule ulipoigiza matanga yako mwenyewe, ulilala chini ya turubai nje ya parsele, kiwanja chetu, matawi ya mitende yakiwa barabarani kuonyesha kuna msiba, na majirani walikuja wakalia machozi ya kweli. Ulipoamka ukaomba chai, jirani yetu Mumba alikupiga kofi. Tulicheka juma zima.

Basi siku ile ulipoanguka, nilijua ni kazi. Mama Mutale, anayeuza samaki wakavu wa Pweto, aliingia kukwepa mvua. Alikuwa hajaona teatre maishani mwake. Alisimama, beseni mkononi.

"Ule muzee hapumui."

"Kaa chini, mama. Iko mu kazi."

"Kazi gani ya kugeuza midomo bleu?"

Watu wakacheka. Nilimshika mkono nikamkalisha kwa nguvu. Kisha nzi akatua juu ya jicho lako, nawe hukupepesa. Hapo ndipo nilipoogopa, na mpaka leo sijaacha.

Hospitalini walituambia tungekuleta mapema ungepona. Tulipoweka matawi barabarani, majirani walipita wakitabasamu. Mumba alisema juu ya ukuta: "Hii mara, chai atajipikia yeye mwenyewe." Alikuja siku ya pili, akalia kuliko sisi.

Daktari alisema pia kwamba ugonjwa wa moyo uliokuua unafuata damu. Plamedie, binti yako, amepimwa. Anao. Na Jumamosi hii, baada ya misa ya kumbukumbu yako, atacheza nafasi yako, atalala pale pale ulipolala.

"Acha, mutoto," nilimwambia, mimi mjomba wake.

"Tonton, hii njo kazi ya papa. Nikiacha, itakufa naye."

"Kazi haina moyo. Wewe uko nao, na ni mugonjwa."

Akanicheka. Ana kicheko chako. Siwezi kumfungia ndani, ni mtu mzima.

Kwa hiyo nimevunja sheria yako, utanisamehe. Mlangoni nimebandika karatasi: mwenye shaka asimame, aende, amguse. Mama Mutale nimemwomba akae kiti cha mbele. Alikubali, lakini hakunitazama usoni. Gari litakuwa nje, limewashwa. Hata hivyo naogopa, na Régine anaogopa zaidi. Plamedie akisinzia kidogo kitini baada ya kula, mama yake humwekea kiganja puani.

Nilimsomea Régine maneno haya kabla ya kuyapeleka gazetini.

"Acha vile iko," akasema. "Na uweke jina yako."

Tunaokukumbuka ni mjane wako Régine, binti yako Plamedie, dada yako Ilona aliye Budapest, familia yote ya Kunda ya Naviundu na ya Pweto, na mimi Casimir. Maadamu tuko hai, hutasahauliwa.

Kukutii siku ile kulitugharimu dakika ishirini na mbili. Siku ya kwanza ya matanga yako walikuja watu wanne. Wachezaji walikuwa tisa, wamebaki wawili. Na tulipoteza mume mmoja. Baba mmoja.