Mguu wa Baba Kwenye Picha

Jumatatu, 1 Machi 1937
Tunapiga sinema tena, siku ya nne. Asubuhi shambani mlimani, mchana sokoni Arusha. Naigiza Mjinga, mkulima asiyepogoa mibuni yake. Sichekeshi. Mwingereza wa picha amekunja uso mara mbili.

Jumanne, 2 Machi
Leo nimewachekesha. Nilitembea kama Baba: mguu wa kushoto unaburuzwa, bega limelala, mkono kiunoni. Mwingereza alipiga makofi. Akasema niendelee hivyo hivyo hadi mwisho wa picha. Nikaendelea. Mguu ule Baba aliuvunja vitani, akibebeshwa mizigo ya Wajerumani. Sikufikiri.
Hapana, nadanganya. Nilifikiri.

Jumamosi, 14 Agosti
Picha imerudi kutoka Ulaya. Jioni itaonyeshwa kwenye uwanja wa kanisa, kwetu. Nilimwambia Baba asije, kuna baridi.
"Mwanangu yumo kwenye picha, nami nikae nyumbani?"
Tayari amevaa koti la Krismasi.

Jumapili, 15 Agosti
Walicheka mpaka machozi. Kisha mtu mmoja akapaza sauti, akataja jina la Baba. Kicheko kikazidi. Baba alikuwa mbele, pamoja na wazee. Hakugeuka.
Leo hakuja ibadani. Mimi nilikwenda. Watu walinipa mkono, wakanipongeza. Sikuweza kuimba.

Jumatano, 18 Agosti
Mama aliniita. Baba haendi sokoni wala kwa wazee wenzake. Anashinda nyuma ya nyumba.
Nilipiga magoti. "Baba, nisamehe. Nilikuiga wewe."
Akasema: "Najua. Hata mimi nilicheka. Nilicheka sana, kabla sijatambua kwamba ni mimi."
Heri angenichapa.

Ijumaa, 20 Agosti
Nimemfuata Mwingereza mjini. Nilimwomba akate sehemu zile za kutembea. Akasema bila hizo hakuna picha. Inakwenda Moshi, Tanga, Dar es Salaam. Anataka tutengeneze ya pili, Mjinga yuleyule. Nimekataa. Hakuelewa. Sikumweleza, niliona aibu hata kwake.

Jumapili, 22 Agosti
Baba alituma mtu aniite nikale kwao. Mama alipika loshoro, mahindi na maziwa ya mgando. Nilimweleza Baba picha inakokwenda, asije akasikia kwa wengine.
Akauliza kama huko Dar es Salaam kuna mtu anayemjua.
"Hakuna, Baba."
"Basi huko wacheke."
Akanisogezea bakuli. Nilikula kidogo.