Shangazi, Wamepiga Kura Kulifunga Tawi Letu

Shangazi yangu Mwanaidi,

Tawi linafungwa. Bodi ya chuo ilipiga kura jana alasiri. Nimeanza na hilo kwa sababu hukupenda habari mbaya izungushwezungushwe. Lakini kinachonifanya nikuandikie si kura. Ni kwamba aliyesimama mbele za watu kusoma pendekezo la kulifunga alikuwa Idrisa. Mwanao.

Ulipoondoka wakati wa theluji alikuwa bado na cheo kidogo pale makao makuu. Baada ya arobaini yako wakampandisha, wakamkabidhi majengo yote ya chuo. Nilifurahi, Shangazi. Nilipika pilau nikawaita majirani wa mtaa wetu wa Lawrence Heights, nikawaambia mtoto wa Bi Mwanaidi sasa ni mkubwa chuoni. Sikujua amepewa pia kazi ya kuchagua jengo lipi lifungwe.

Tulipofungua mwezi wa tisa, korido zilikuwa kimya. Wale vijana kutoka India waliokuwa wakijaa kantini hadi tunakosa pa kukaa, hawaji tena. Serikali imepunguza vibali vyao vya kusoma, na chuo kilikuwa kimezoea kuishi kwa ada zao. Darasa langu la wahudumu wa wazee lilijaa kama kawaida, maana wanafunzi wangu ni akina mama wa hapa hapa, Wasomali, Wakongo, Wajamaika. Lakini ghorofa ya juu nzima ilizimwa taa. Kisha tukaitwa ukumbini, walimu wote, na Idrisa akaingia na suti ya kijivu. Hakuniangalia. Alisema chuo hakiwezi tena kubeba matawi yote, na kwamba letu litapendekezwa kufungwa. Nilisikia habari hiyo pamoja na wengine wote, kama mtu baki. Mimi niliyemshika mkono kumpeleka shule ya msingi.

Jioni ile alikuja nyumbani. Hakukaa. Nilimwuliza kwa nini hakuniambia kwanza, akanijibu kwa Kiingereza kama kawaida yake, kwamba sheria za kazi hazikumruhusu. Nilimwambia nitasema kwenye mkutano wa bodi, na nitawaeleza nani alilileta tawi hili hapa. Alishika kitasa cha mlango. Kisha akasema kwa Kiswahili, kile chake cha kukwamakwama, "Mama amekufa, Dada Zuhura. Usimtumie."

Akaondoka. Neno hilo lilinikaa kifuani kama mwiba wa samaki. Niliwaza, labda ana haki. Labda nalilia kazi yangu tu na nimejifunika khanga yako. Na kweli, Shangazi, kazi yangu ilikuwemo ndani yake. Sitakudanganya.

Lakini historia ile ulinipa wewe, na uliisimulia kwa kila darasa jipya. Ulikuwa ukisimama mbele ya wanafunzi wako wa malezi ya watoto na kuwaambia kwamba chuo hiki kilianzia mjini, kwenye kilichokuwa kiwanda cha viatu, pale serikali ya jimbo ilipoona kwamba watoto wa wafanyakazi nao wanahitaji pa kwenda baada ya sekondari. Kwamba kilikua, kikajenga matawi huku na huku, ila mitaa kama huu wetu kikairuka. Kwamba wewe ulikuwa mwalimu Tabora, na ulipohamia huku cheti chako hakikutambuliwa, ukawa unasafisha ofisi. Basi ukawakusanya akina mama, mkapanda treni hadi mjini kwenye kikao cha bodi, na watoto wenu migongoni kwa sababu hapakuwa na wa kuwaachia. Watoto wakaanza kulia. Mwenyekiti akawaomba mtoke nao nje. Nawe ukamwambia, "Hawa ndio sababu tumekuja." Mkabaki. Mwaka uliofuata mkapewa vyumba vya kukodi juu ya duka la dawa, wewe ukiwa mwanafunzi wa kwanza kujiandikisha. Jengo lilikuja baadaye. Kazi ya kufundisha nayo ikaja baadaye.

Jana ukumbi ulijaa. Mama Halima, jirani yako wa ghorofa ya chini, alikuja na fimbo yake akakaa mbele kabisa. Idrisa alisoma pendekezo lake bila kuinua uso. Watu walimzomea. Mmoja nyuma yangu akasema kwa sauti, "Anauza jasho la mama yake." Najua alisikia, maana niliona masikio yake yanabadilika rangi, kama alipokuwa mdogo ukimgombeza.

Walipoita jina langu, nilisimama. Nilikuwa nimejipanga kukutaja, Shangazi. Nilikuwa nimejipanga kumgeukia na kumwuliza mbele ya wote angekutazama vipi usoni. Swali lilikuwa kwenye ulimi. Nilimwangalia, naye kwa mara ya kwanza akaniangalia, na nikaona mtu anayesubiri kupigwa.

Sikuweza. Nilisimulia habari za akina mama na watoto waliolia, na jibu alilopewa mwenyekiti, lakini jina lako sikulitaja. Nikasema wanafunzi wangu hawana gari, na tawi linalofuata ni mabasi mawili kutoka hapa, na mwenye mtoto mchanga na zamu ya usiku hawezi mabasi mawili. Nikasema hatuombi jengo zuri. Tunaomba mlango ulio karibu. Nikakaa. Nilijiona nimekusaliti.

Mwenyekiti alikuwa anataka kuendelea, Idrisa akavuta kipaza sauti. "Mama aliyejibu vile," akasema kwa Kiingereza, "alikuwa mama yangu. Na mimi nilikuwa mmoja wa wale watoto."

Shangazi, Mama Halima, aliyekuwa akigonga fimbo sakafuni kumzomea, aliilaza magotini.

Nilidhani sasa ataliondoa pendekezo. Hakuliondoa. Alisema jengo lazima lifungwe, na kwamba haoni njia nyingine, na kwamba asiyemwamini yuko huru. Lakini akaiomba bodi isiyahamishe masomo ya wahudumu wa wazee na ya malezi ya watoto. Yabaki Lawrence Heights, kwenye ukumbi wa mtaa, na chuo kiendelee kulipa walimu. Mkubwa wake alimnong'oneza kitu sikioni, uso umekaza. Nadhani hawakuwa wamekubaliana hivyo. Idrisa akatikisa kichwa, akarudia ombi lake.

Wakapiga kura. Jengo litafungwa mwisho wa masomo ya kiangazi. Masomo mawili yatabaki mtaani, kwa mwaka mmoja wa majaribio. Wenzangu wa uhasibu na kompyuta wanaondoka. Wengine walilia pale pale kwenye viti. Mimi nimebakishwa, na sijui niwaangalie vipi.

Nje, Mama Halima alisema machozi ya mamba hayajazi mtungi. Watu walicheka kwa uchungu. Idrisa alikuwa kwenye gari lake, hajaliwasha. Niligonga kioo. Aliniuliza kama ninamchukia.

Nikamwambia, "Sijui bado. Njoo kesho ule, umlete na mtoto wako."

Basi ni Jumamosi, Shangazi, na ndizi ziko jikoni. Sijui nitamwambia nini. Sijui kama ameokoa kitu au amefunika tu kaburi kwa majani mabichi. Wewe ungejua, au ungekaa kimya kwa namna ambayo ingetufanya sisi wote wawili tuseme ukweli. Hicho ndicho ninachokikosa zaidi. Nyumba hii ina maneno mengi sasa, na hakuna anayejua kunyamaza vizuri.

Nakuahidi hivi. Sitamfungia mwanao mlango, na sitamwachia jambo hili. Mwaka wa majaribio ukikaribia kwisha nitakwenda tena mbele ya bodi hiyo, na wanafunzi wangu nyuma yangu, na watoto wao pia. Safari hiyo jina lako nitalitaja, na nitamwomba yeye alitaje kwanza.

Mungu akupe nafasi pana huko uliko, Shangazi, wewe uliyebanana nasi hapa tukatosha. Naacha kalamu. Wamefika, naisikia sauti ya mjukuu wako kwenye ngazi, anauliza kwa Kiingereza kama kuna ndizi.

Mwanao,
Zuhura